Takashi Shimura: karani wa idara ya maji aliyekuwa nguzo ya sinema ya Japani

Na Mwandishi Wetu, Muscat

WASWAHILI wengi wa hapa Muscat wanaikumbuka Sholay, filamu ya Kihindi ya mwaka 1975 kuhusu wanaume waliokodiwa kukilinda kijiji dhidi ya majambazi. Ni wachache wanaojua kuwa sehemu ya kisa hicho imechotwa Japani, katika Samurai Saba ya mwaka 1954. Kiongozi wa wale saba hakuwa kijana mtanashati bali mtu mzima wa sura ya kawaida kabisa, Takashi Shimura.

Alizaliwa Machi 12, 1905 huko Ikuno, mji wa machimbo ya fedha mkoani Hyogo, katika ukoo wa samurai. Alisomea fasihi ya Kiingereza katika Chuo Kikuu cha Kansai huku akiwa mfanyakazi wa idara ya maji ya jiji la Osaka. Maigizo yakamkolea, akawa haonekani kazini, na kazi ikaota mbawa. Mwaka 1934 akaingia katika sinema.

Japani ya wakati ule haikuwa na mzaha. Polisi wa siasa walimtia ndani kwa wiki kadhaa wakimhusisha na wasanii wa mrengo wa kushoto. Sisi tuliokimbia kwetu kwa sababu ya kalamu tunalielewa hilo bila kufafanuliwa. Vita vilipokwisha, katika filamu ya mwaka 1946, Akira Kurosawa alimpa nafasi ya afisa wa polisi hao hao. Hakuhitaji mwalimu.

Kurosawa aliongoza filamu 30 na Shimura akaonekana katika 21, wakati Toshiro Mifune, nyota aliyevuma zaidi, alicheza katika 16. Alikuwa daktari mlevi, mpelelezi, na mkata kuni wa Rashomon, filamu iliyotwaa Simba wa Dhahabu mjini Venice mwaka 1951.

Kwa maoni yangu, hakuna inayoifikia Ikiru ya mwaka 1952. Shimura, akiwa na miaka 47, alicheza mkuu wa kitengo cha manispaa aliyezeeka kwa kugonga mihuri. Anagundua ana saratani ya tumbo, naye anatumia miezi iliyobaki kuhangaika ofisi hadi ofisi ili dimbwi la maji machafu lifukiwe, watoto wapate uwanja wa kuchezea. Matangani wenzake wanaapa kubadilika. Kesho yake ni njoo kesho, kama ofisi zetu. Waingereza waliirudia mwaka 2022 kwa jina la Living.

Mwaka huo huo wa Samurai Saba alicheza pia profesa katika Godzilla ya kwanza. Kwa jumla filamu zake zilizidi 200.

Mwaka 1980, akiwa mgonjwa, Kurosawa alimpa nafasi ndogo katika Kagemusha. Toleo lililopelekwa nje ya Japani lilikatwa na sehemu yake ikaondolewa, ikarudishwa miaka mingi baadaye. Yeye alifariki Tokyo, Februari 11, 1982, kwa maradhi ya mapafu.