Gwen Verdon: Mhifadhi wa Densi za Waliomtangulia

Gwen Verdon alizaliwa tarehe 13 Januari 1925 katika mji wa Culver City, California, nchini Marekani. Baba yake alikuwa fundi wa umeme katika studio za filamu za MGM, na mama yake alikuwa mcheza densi. Utotoni aliugua matege. Miguu yake ilipinda, akavishwa mabuti mazito ya kuinyoosha, na watoto wenzake wakawa wanamcheka. Mama yake aliamua kumfunza densi ili miguu ipate nguvu, na alipotimu umri wa miaka sita alikuwa tayari anatumbuiza hadhira. Mwaka 1942, akiwa na umri wa miaka 17, aliolewa, akajifungua mtoto wa kiume na kuiacha densi. Ndoa hiyo haikudumu. Ilipovunjika, aliirudia kazi aliyoijua.

Mwishoni mwa miaka ya 1940 alijiunga na Jack Cole, na hapa ndipo penye kiini cha maisha yake. Cole alikuwa mbunifu wa densi ambaye wengi humwita baba wa densi ya jazi ya jukwaani. Alikuwa amejifunza densi ya Kihindi ya Bharata Natyam, akaichezesha kwa mapigo ya muziki wa jazi: kiungo kimoja kinatembea huku vingine vimetulia, macho yanafuata vidole, magoti yamekunjwa tayari kuruka. Alikuwa mwalimu mkali kupindukia. Verdon akawa msaidizi wake, na kazi ya msaidizi ilikuwa kukumbuka kila hatua na kuihamishia katika miili ya watu wengine. Cole alipobuni densi za filamu ya Gentlemen Prefer Blondes iliyotoka mwaka 1953, Verdon alikuwa miongoni mwa waliowafundisha Marilyn Monroe na Jane Russell. Watazamaji waliwaona Monroe na Russell, mwalimu hawakumwona.

Wanafunzi wa fasihi simulizi watalitambua tatizo hili upesi. Densi, mithili ya ngano, huishi katika utendaji. Alama za kuiandikia zipo, lakini wabunifu wa Broadway aghalabu hawakuzitegemea. Fanani akifa bila mrithi, kinachopotea hakipatikani tena maktabani.

Mwaka 1953 Verdon alitokea katika tamthilia ya muziki ya Can-Can. Usiku wa kwanza hadhira ilimshangilia hata ikabidi arudishwe jukwaani kutoka chumba cha kubadilishia mavazi, akiwa hajavaa sawasawa. Ilimpatia tuzo ya Tony ya kwanza kati ya nne alizotwaa kufikia mwaka 1959. Ya pili ilitokana na Damn Yankees ya mwaka 1955, ambako alikutana na mbunifu kijana, Bob Fosse. Fosse alikuwa amekulia katika kumbi za burudani za Chicago, ilhali Verdon alikuwa amebeba shule nzima ya Cole mwilini. Mabega yaliyoinama, magoti yanayoelekeana na kofia iliyoteremshwa usoni ni vya Fosse, hapana shaka. Lakini ule utulivu wa mwili unaoachia kidole kimoja kisogee una deni kubwa kwa Cole, na yamkini sehemu ya deni hilo ilipitia kwa Verdon. Filamu ya Damn Yankees ya mwaka 1958 inawaonyesha Verdon na Fosse wakicheza pamoja, na inafaa kutazamwa zaidi ya mara moja.

Walioana mwaka 1960, na binti yao Nicole akazaliwa mwaka 1963. Sweet Charity ilifuata mwaka 1966. Walitengana mwaka 1971 kwa sababu ya uzinzi wa Fosse, ila hawakupeana talaka, na hata kazi ya pamoja haikukoma. Mwaka 1975 Verdon, akiwa na umri wa miaka 50, alicheza nafasi ya Roxie Hart katika Chicago, tamthilia aliyoitamani kwa miaka mingi.

Jack Cole alifariki mwaka 1974. Densi zake za filamu zimesalia, lakini nyingi za jukwaani hazionekani tena. Fosse alianguka barabarani mjini Washington tarehe 23 Septemba 1987, siku ya kufunguliwa kwa onyesho jipya la Sweet Charity. Verdon alikuwa naye. Tangu hapo aliishughulikia kazi ya mumewe kwa bidii isiyo ya kawaida. Kwa wacheza densi chipukizi, kuiga umbo la mkono hakukumtosha. Alitaka kila mmoja ajue mhusika anataka nini anapouinua. Pamoja na Ann Reinking, mchezaji mwingine aliyelelewa na mtindo huo, alisimamia kufufuliwa kwa densi hizo, na onyesho la Fosse likafunguliwa Broadway mwezi Januari 1999. Mwaka huohuo lilipata tuzo ya Tony ya tamthilia bora ya muziki. Yeye alitajwa kama mshauri wa sanaa, cheo kidogo kwa kazi kubwa.

Alifariki tarehe 18 Oktoba 2000 huko Vermont, na taa za Broadway zikafifishwa kwa heshima yake. Mwaka 2013 Nicole alianzisha taasisi ya kulinda na kufundisha mtindo huo, akaipa jina The Verdon Fosse Legacy, jina la mama likitangulia.