Al-Khwarizmi na Pande za Mstatili

Muhammad ibn Musa al-Khwarizmi alizaliwa yapata mwaka 780. Jina lake lamhusisha na Khwarazm, nchi iliyo kusini mwa Ziwa Aral, ambayo leo imegawanyika kati ya Uzbekistan na Turkmenistan. Kazi yake aliifanya Baghdad, katika Nyumba ya Hekima, zama za Khalifa al-Ma'mun aliyetawala tangu 813 hadi 833. Aliandika juu ya nyota, juu ya ramani ya dunia, na juu ya tarakimu za Kihindi, ambazo ndizo asili ya hizi tuziandikazo ubaoni kila siku. Lakini kilichomtangaza ni kitabu chake cha al-jabr na al-muqabala, ambacho kwacho aljebra ilipata jina.

Hakukiandika kwa ajili ya wanazuoni peke yao. Alikikusudia kwa wagawao mirathi, wafanyao biashara, wenye mashauri, wapimao ardhi na wachimbao mifereji. Tena hakutumia herufi wala alama. Kila jambo alilieleza kwa maneno. Kisichojulikana alikiita kitu, au mzizi. Mzizi ukizidishwa kwa nafsi yake aliuita kwa neno lile lile ambalo kwetu limekuwa mali. (Mraba na mstatili nayo yametoka Kiarabu, kwa hiyo mwalimu wa Kiswahili hayuko ugenini kabisa katika kitabu hiki.)

Milinganyo aliigawa katika aina sita. Ya pili ni mali zilizo sawa na namba. Mfano wake mmoja ni mali tano zilizo sawa na 80: mali moja ni sehemu ya tano ya 80, yaani 16, na mzizi wake ni 4. Sasa na tuuchore mfano huo. Mstatili ambao urefu wake ni mara tano ya upana ni miraba mitano iliyopangwa katika safu moja. Eneo likiwa 80, kila mraba una 16. Basi upana ni 4 na urefu ni 20. Mchoro huu ni wetu. Yeye aliiwekea michoro aina tatu za mwisho, zilizo ngumu zaidi.

Twasisitiza mchoro kwa sababu ya kosa moja lionekanalo mara nyingi. Mwanafunzi huambiwa kwamba kiwanja kina eneo la mita za mraba 96, na upana na urefu vina uwiano wa 2:3. Naye hujumlisha 2 na 3, akagawa 96 kwa 5. Hafanyi ujinga: ndivyo tulivyomfundisha kugawa fedha kwa uwiano. Mwanachuo atakayepangiwa Rwamgasa, huko Geita, ambako wachimbaji wadogo hutafuta dhahabu, alitazamie kosa hili zaidi. Watoto wa huko wasikia kila siku jinsi mifuko ya mawe igawanywavyo kwa mafungu kati ya mwenye eneo, mwenye duara na wachimbaji. Na ajue pia kwamba duara huko ni shimo la mgodi, na mdomo wake ukijengewa matimba huwa na pembe nne! Mtoto asemaye duara lina pembe nne asichekwe.

Dawa ni kijiti na uwanja wa shule (shimoni wasipelekwe). Wachore safu 2, kila safu miraba 3, kisha waihesabu: ni 6, wala si 5. Ile 2 na ile 3 ni vipande vya pande, bali 96 ni eneo. Gawa 96 kwa 6, kila mraba una 16, upande wake ni mita 4. Kwa hiyo upana ni mita 8 na urefu mita 12. Mwalimu atungapo maswali aanze na mraba, eneo lifuate: kwa uwiano huu 54, 96 na 150 yafaa, lakini 50 itamtia mtoto katika desimali zisizo na mwisho.

Al-Khwarizmi alifariki yapata 850. Mwaka 1145 Robert wa Chester alikifasiri kitabu cha al-jabr kwa Kilatini. Jina la mwandishi nalo, kwa matamshi ya Kilatini, likawa Algoritmi. Ndilo lililozaa neno algorithimu, yaani utaratibu wa kukokotoa hatua kwa hatua.