Mwandishi Aliyenyang'anywa Jina

Mimi ni mpenzi wa sinema, lakini majina yale yanayopita mwanzoni sikuyajali hadi niliposoma habari za Dalton Trumbo.

Mmarekani huyu alizaliwa mwaka wa 1905. Kwa miaka mingi alifanya kazi ya usiku ya kufungasha mikate kabla ya kutajirika kwa kuandika sinema huko Hollywood. Mwaka wa 1947 kamati ya bunge ilimwuliza kama yeye ni mkomunisti. Akakataa kujibu. Basi, kazi ikaisha! Mwaka wa 1950 akatiwa ndani.

Lakini jamaa hakuweka kalamu chini. Aliandika kwa majina ya bandia, kwa malipo duni, mara nyingi akiwa ndani ya beseni la kuogea, ati! Mwaka wa 1957 Robert Rich alitangazwa mshindi wa tuzo ya Oscar. Aliitwa, hakutokea, kwani mwandishi mwenyewe alikuwa Trumbo. Hebu fikiria mtu mwingine akishangiliwa kwa jasho lako!

Mwaka wa 1960 jina lake lilirudi, katika Spartacus na Exodus. Tuzo ile aliipokea 1975, akafariki 1976. Nyingine, ya Roman Holiday, iliyokuwa imepewa rafiki aliyemwazima jina, alikabidhiwa mjane wake mwaka wa 1993.