Osamu Tezuka: Daktari aliyewachorea wasichana hadithi za mapenzi

Wasikilizaji wetu wa Mwazye na vijiji vya jirani wanaotazama katuni za Kijapani kwenye simu wanazijua sura zile: macho makubwa yanayong'aa, binti anayependa kimyakimya, machozi. Mmoja wa waliofungua njia ya hadithi hizo ni Osamu Tezuka.

Alizaliwa Novemba 3, 1928, akakulia Takarazuka, karibu na Osaka. Mji huo una kundi la maigizo lenye wanawake watupu. Hata nafasi za wanaume wanacheza wao. Mama yake alikuwa akimpeleka kutazama, na sisi tunaona mbegu iliangukia hapo.

Mwaka 1945, akiwa kijana anayefanya kazi kiwandani Osaka, alinusurika mabomu ya vita. Baadaye alisomea udaktari na kupata leseni. Lakini kalamu ilimvuta zaidi.

Mwaka 1953 alianza kuchora Ribon no Kishi katika jarida la wasichana, Shojo Club. Ni hadithi ya Sapphire, binti wa mfalme aliyezaliwa na mioyo miwili, wa kike na wa kiume, kwa kosa la malaika mtundu. Katika nchi yake mwanamke harithi kiti cha enzi, kwa hiyo analelewa kama mvulana, huku mkuu mmoja akivizia siri ifichuke ili mwanawe ndiye atawale. Sapphire anampenda Franz, mwana wa mfalme wa jirani. Franz naye anampenda binti mmoja mwenye nywele za dhahabu, asijue kwamba ni Sapphire yuleyule aliyevaa nywele za bandia.

Suala hilo la urithi si geni kwetu. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999 inampa mwanamke haki ya ardhi sawa na mwanamume, ila shamba la baba likigawanywa, mara ngapi binti huitwa kwenye kikao?

Tezuka alianzisha studio yake, Mushi Production, na kuanzia Januari 1, 1963 katuni yake ya Tetsuwan Atomu ikaonyeshwa kila wiki. Ili kubana gharama, alipunguza idadi ya michoro. Sapphire aliingia kwenye televisheni 1967, vipindi 52. Hata hivyo studio ilifilisika 1973.

Alifariki Februari 9, 1989 kwa saratani ya tumbo, akiwa na miaka 60. Aliendelea kuchora akiwa mgonjwa, na hadithi kadhaa zikabaki hazijaisha.