JACQUES BERTILLON: DAKTARI ALIYEPANGA MAGONJWA KWA NAMBARI

Mpenzi msomaji, hebu tuseme mpira umekugonga usoni jioni uwanjani. Kope imevimba na kuwa nyeusi ti! Unapelekwa hospitali, unahudumiwa, kisha unarudi bwenini wenzako wakikucheka. Kumbe huku nyuma, huenda karani wa rekodi ameandika S00.1 kwenye faili lako. Je, hiyo ni siri gani? Ili kuijua, sharti tumfahamu Mfaransa mmoja, marehemu Jacques Bertillon.

Bertillon alizaliwa mjini Paris mwaka 1851, katika ukoo wa watu wa hesabu. Babu yake mzaa mama, Achille Guillard, ndiye aliyebuni neno demografia mwaka 1855, yaani elimu ya idadi ya watu. Baba yake alikuwa daktari na mkuu wa ofisi ya takwimu ya jiji la Paris. Mdogo wake, Alphonse, alifanya kazi na polisi akawa maarufu kwa kupima vichwa vya wahalifu na kuwapiga picha za uso, mbele na ubavuni. Mtoto wa nyoka ni nyoka, siyo? Jacques naye akasomea udaktari, lakini kilichompa jina si kutibu bali kuhesabu. Baba yake alipofariki mwaka 1883, yeye ndiye aliyeshika usukani wa ofisi ile.

Wakati huo kulikuwa na tatizo kubwa. Ugonjwa mmoja uliitwa hivi katika nchi hii na vile katika nchi ile. Sasa utalinganishaje vifo vya Paris na vya London ikiwa majina yenyewe hayalingani? Mwingereza William Farr alikuwa amelipigania jambo hilo kwa miaka mingi, na alishauri kwamba magonjwa mengi yapangwe kulingana na sehemu ya mwili iliyoathirika. Bertillon aliuchukua ushauri huo, akaketi, akapanga.

Mwaka 1893 aliipeleka orodha yake Chicago, Marekani, kwenye mkutano wa wataalamu wa takwimu. Alikuwa mwerevu kweli kweli, kwani alileta orodha tatu: fupi ya mafungu 44, ya kati ya 99 na ndefu ya 161. Kila nchi ingechagua kulingana na uwezo wake. Mwaka 1900 wajumbe wa nchi 26 walikutana Paris kuirekebisha, na ikakubaliwa kwamba irekebishwe kila baada ya miaka kumi. Bertillon aliiongoza kazi hiyo kwa miaka mingi.

Lakini, wenzangu, orodha ile ilikuwa hasa ya sababu za vifo. Mchubuko wa shavu hauui mtu, kwa hiyo ni nani angejali kuuhesabu? Bertillon alifariki mwaka 1922. Mwaka 1948 Shirika la Afya Duniani liliichukua orodha yake na kuipanua hadi ikayashika magonjwa na majeraha yasiyoua.

Hapo ndipo tunarudi kwenye kope yako. Katika toleo la 10 la orodha hiyo, S00 ni majeraha ya juujuu ya kichwa. S00.1 ni kope iliyovilia damu, S00.3 ni pua na S00.5 ni mdomo. Ngozi ya shavu ikipasuka, hiyo si S00 tena, ni S01.4. Hata kilichokuumiza kina nambari yake: mpira uko katika W21. Toleo la 11, lililoanza kutumika mwaka 2022, lilibadilisha nambari, lakini mpango wa kutaja mahali palipoumia umebaki.

Mtu atauliza: yote hayo kwa sababu ya kope tu? Ndiyo! Karani akiandika "ameumia" basi, hakuna ajuaye kama ni mpira, ngumi au ngazi mbovu. Lakini nambari W21 zikirundikana mwezi baada ya mwezi, mkubwa wa hospitali ataona kwamba kuna jambo kule uwanjani, nalo litashughulikiwa kabla mtu hajapoteza jicho. Usipoziba ufa utajenga ukuta.

Basi, ndugu msomaji, siku ukiumia hata kidogo, mweleze daktari waziwazi ni wapi na ni nini kilichokuumiza. Bertillon alifanya yake. Kusema kweli ni kazi yetu.