Dakta Burkitt, Tabibu wa Jicho Moja

Nayaandika haya nikiwa Kapkatet, baina ya Litein na Sotik, katika nchi ya majani ya chai. Sisi watu wa pwani baridi ya huku hutushinda. Jua limepanda nami bado nimo ndani ya koti. Lakini baridi hii hii ndiyo iliyonikumbusha marehemu Dakta Denis Burkitt, kwani ilikuwa shahidi wake katika kesi ya maradhi yaliyoua watoto wetu huku yakijibadilisha sura.

Burkitt alizaliwa Enniskillen, Ireland, mwaka 1911. Alipokuwa na miaka 11 alipoteza jicho moja kwa ajali. Alianza kusomea uhandisi, akauacha, akawa daktari wa kupasua. Wakati wa Vita Vikuu vya Pili alitumika jeshini Kenya na Somalia, na mwaka 1946 akaja Uganda, kwanza Lira, kisha Mulago.

Mwaka 1957 mwenzake, Dakta Hugh Trowell, alimwita amtazame mtoto wa kiume. Taya zilikuwa zimevimba juu na chini, kulia na kushoto. Jipu la jino halivimbi hivyo, na saratani ya mfupa kwa kawaida huanza pahali pamoja. Haukupita muda, akiwa hospitali ya Jinja, alichungulia dirishani akamwona mtoto wa kike ana uvimbe kama ule. Alipompapasa tumbo, akakuta na humo mna uvimbe.

Hapo fumbo likaanza kufumbuka. Alirudi kwenye madaftari ya hospitali akaona kwamba watoto walioandikwa kuwa na saratani ya taya, ya figo au ya ini, wengi wao walikuwa na maradhi mamoja. Kukata taya hakukuwaokoa, kwa kuwa adui alikuwa kwingine pia. Mwaka 1958 akaandika aliyoyaona, na baadaye wataalamu wa Kampala, O'Conor na Davies, wakabainisha kuwa ni saratani ya tezi za limfu.

Tuliosoma habari za Abubakar al-Razi twajua kuwa aliandika kitabu cha kupambanua ndui na surua. Burkitt alifanya kinyume chake: aliyakusanya yaliyodhaniwa mengi akayaonyesha kuwa ni mamoja.

Mwaka 1961 alifunga safari na madaktari wawili, Ted Williams na Cliff Nelson, ndani ya gari kuukuu. Kwa wiki 10 walikwenda maili 10,000, kutoka Kampala hadi Afrika Kusini, wakiuliza kila hospitali kama uvimbe ule umeonekana. Ramani ikasema: kandokando ya Ziwa Victoria upo, pwani upo, lakini katika nchi za ikweta zilizo juu ya futi 5,000, kama huku kwenye chai, ni nadra. Na Unguja na Pemba, ijapokuwa kuna joto, haukuonekana sana. Huko malaria ilikuwa imepigwa vita vikali. Ndipo wataalamu wakaishuku malaria.

Mwaka 1964, mjini London, Epstein, Achong na Barr walipata kirusi ndani ya vinyama vilivyotoka Uganda kwa Burkitt. Leo twajua kwamba karibu kila mtu huambukizwa kirusi hicho, na malaria ya mara kwa mara hudhoofisha kinga ya mtoto.

Kampala hakukuwa na mashine ya miale, basi Burkitt akajaribu dawa. Kwa baadhi ya watoto uvimbe uliyeyuka kwa siku chache, wakapona kabisa.

Burkitt alifariki mwaka 1993. Nimwazapo, nakumbuka desturi ya kwetu nilipokuwa mdogo: mtoto akivimba shavu hupakwa dawa, akafungwa kitambaa, ikangojwa. Wazazi wenzangu, uvimbe huu haungoji. Huweza kukua maradufu kwa siku moja au mbili. Mtoto akivimba taya, meno yakalegea au tumbo likatuna, mpelekeni hospitali siku hiyo hiyo, na mwombeni daktari amtazame mwili mzima. Mponyaji ni Mwenyezi Mungu, lakini dawa tumeamrishwa tuitafute.