Wasifu: Mohamed Amin, Mpigapicha wa Habari (1943–1996)

Soma wasifu huu kwa makini, kisha ujibu maswali.

Ukiwa Sikonge au kwenye njia ya zamani ya misafara, umesikia habari za wapagazi waliotembea miezi kutoka Tabora hadi Bagamoyo. Habari nazo zilikwenda kwa mwendo wao. Sasa msome mtu aliyezifikisha dunia nzima kwa kamera.

Mohamed Amin alizaliwa Nairobi mwaka 1943, akakulia Dar es Salaam. Alianza kupiga picha angali mwanafunzi kama wewe. Mwaka 1963 alianzisha kampuni ya Camerapix, akipiga picha za mnato na picha jongefu. Mwaka 1966 kazi hiyo ilimponza: alifungwa Zanzibar. Baadaye alihamia Nairobi.

Ukiulizwa mchango wake, anza na Korem, Ethiopia, Oktoba 1984. Njaa ilikuwa imeshaua watu wengi na taarifa zilikuwa zimeandikwa, lakini dunia haikushtuka. Amin alifika huko na Michael Buerk, mwandishi wa BBC. Kamera yake haikuwa na haraka. Ilituama juu ya mama, mtoto na mzee. Picha zilihaririwa, zikawekewa maelezo, na BBC ikazirusha tarehe 23 Oktoba. Vituo zaidi ya 400 vya televisheni vilizionesha. Misaada ikamiminika, na tarehe 13 Julai 1985 likafanyika tamasha la Live Aid, London na Philadelphia.

Zingatia: usiandike kwamba Amin alimaliza njaa. Vita viliendelea, na waliokufa hawakurudi. Alichofanya ni kuwanyima wenye uwezo kisingizio cha kutojua.

Kazi hiyo ilimgharimu. Juni 1991 ghala la silaha lililipuka Addis Ababa. Mrekodi sauti wake, John Mathai, alifariki; Amin alipoteza mkono wa kushoto. Alirudi kazini na mkono wa bandia. Tarehe 23 Novemba 1996 ndege aliyopanda ilitekwa, ikaanguka baharini karibu na Komoro. Watu 125 walifariki, naye akiwamo.

Maswali
1. Kwa nini picha za Korem ziliamsha dunia kuliko taarifa za maandishi?
2. Je, mpigapicha aliye mbele ya mwenye njaa apige picha kwanza au asaidie kwanza? Tetea jibu lako kwa hoja mbili.